Njia Ipite Wapi

Mto wa Mbu,
Jumapili jioni

Kaka,

Hujambo, na chumvi ya bahari imeshakuzoea? Huku sote wazima, ila vumbi. Ningeanza na "dhumuni la barua hii" kama tulivyokaririshwa shuleni, lakini safari hii dhumuni ni lako: wewe ndiye uliyeuliza, mimi najibu tu. Umesema baiskeli nane zimeshavuka kwa boti, vijana wawili wa kuongoza umewapata, na sasa unataka nikuchoree njia ya kutembeza watalii kwa baiskeli: ipite wapi hapo Jambiani, Unguja, na wageni wasimame wapi.

Kabla sijachora chochote nikupe habari ya msiba. Njia yetu imekufa. Ile uliyoichora mwenyewe kwa kijiti kwenye vumbi, mbele ya banda la fundi: tunaiacha lami, tunafuata mfereji mkubwa, tunakatiza majaruba ya mpunga, kwa wachonga vinyago, kwa mama wa pombe ya mbege, chakula chini ya migomba, nyumbani. Tuliipita miaka sita mpaka matairi yakawa yanaijua yenyewe. Aliyeiua ni mwanamke mmoja, na wala hakutumia jembe alilokuwa nalo mkononi.

Unaikumbuka nyumba ya baada ya daraja la magogo, yenye mgomba ulioegemea uzio? Pale tulikuwa tunapunga mkono, "habari za asubuhi mama," tunakwenda zetu. Mwezi wa saba mwaka jana nilikuwa na wageni sita, mbigiri zikamtoboa mmoja gurudumu la nyuma hapo hapo mlangoni. Tukasimama, si kwa kupenda. Nikiwa nachomoa tyubu, mama akatoka, akawasalimia wageni vizuri, akawatolea kigoda na benchi. Kisha akaniita pembeni.

"Baba," akasema, "mnapita hapa tangu kitinda mimba wangu yuko mgongoni. Sasa yuko darasa la kwanza, na alijua kuwapungia Wazungu kabla hajajua kuamkia wakubwa. Vumbi lenu nalifua mimi kwenye kanga zangu. Kwa jirani mnashuka, mnakula, mnalipa. Mimi hapa ni mti?"

Nikamjibu kwamba nitalifikisha ofisini. Kaka, ofisi ni mimi na daftari! Na yeye anajua. Akanitazama, akarudi kwenye jembe lake. Ile pancha niliiziba vibaya, ikabidi nirudie mara mbili, wageni wakadhani gundi ni mbovu.

Usiku nikajitetea peke yangu kitandani. Fungu la kijiji si tunatoa? Tunatoa. Utalii huu wa kitamaduni ulipoanzishwa huku miaka ya 1990, kwa msaada wa shirika la Kiholanzi la SNV, sehemu ya pesa ya mgeni ilipangiwa maendeleo ya kijiji, na wewe ni shahidi kwamba hatujawahi kuikwepa. Lakini choo kipya cha shule hakifui kanga. Anayekula vumbi na anayepokea pesa wamekuwa watu wawili tofauti, na walioamua nani awe nani ni sisi. Kwa kijiti.

Wiki iliyofuata, siku isiyo na wageni, nikaipita njia nzima kwa miguu. Kwa baiskeli nilikuwa nahesabu vituo vinne. Kwa miguu nikahesabu milango 37. Nikabisha hodi kila mlango na swali moja: mnataka tusimame, tupite, au tusipite kabisa?

Majibu mengi yalikuwa "piteni tu, ila polepole, na hizo kengele alfajiri mziache." Mzee mmoja akaniambia mtu anayeamia ndege hana muda wa kupigwa picha, akigeuka mara moja kumtazama mgeni, kwelea wameshashuka kwenye mpunga. Vijana wa mashine ya kukoboa, ambao hata siku moja sikuwafikiria, ndio waliotaka wageni kuliko wote, maana kazi yao wanaionea fahari na hakuna anayewauliza. Halafu nikafika kwa bibi mmoja karibu na kona ya mfereji. Akasema hataki. Nilipouliza sababu, akanionyesha: njia yetu ilikuwa inapita nyuma ya nyumba yake, mahali anapoogea. Miaka sita! Alikuwa ameshaupanga muda wake wa kuoga kufuata ratiba yetu, na sisi tulikuwa tukiwasifia wageni kipande kile kwa kivuli chake.

Basi njia mpya inazungukia mbali na bibi. Imeongezeka kama kilomita moja na nusu, na ina kipande cha mchanga ambacho wageni wanakishukia wakikokota baiskeli na kunung'unika kwa lugha zao. Wacha wanung'unike. Tunasimama kwa vijana wa mashine, pumba zinawapaka wageni mpaka kope. Na chakula sasa kina zamu ya majiko manne, moja ni la mama wa mgomba.

Usidhani zamu ni jambo jepesi. Jiko la pili walisikia Wazungu wanapenda chipsi, wakakaanga chipsi. Ilibidi niwasihi wapike wanachokula wao. Jiko la tatu choo hakikuwa na mlango, tukachangia mlango. Na yule mama wa zamani, aliyekuwa akitupikia peke yake miaka yote, hajanisamehe mpaka leo. Tukikutana sokoni anaijibu salamu yangu kwa kidevu. Ana haki yake. Tulimzoesha, akanunua masufuria makubwa kwa ajili yetu. Hilo sijalipatia dawa, nakueleza ili lisije kukukuta bila kujua: usimpe mtu mmoja kila kitu mwanzoni, maana kumnyang'anya baadaye kunauma pande zote.

Kwa mama wa mbege tunakwenda bado, lakini si kila siku. Zamani tulifika, mgeni anaonja kata moja, anakunja uso apigwe picha, tunaondoka. Siku hizi namuuliza jana yake ana kazi gani. Akiwa anachanganya, tunakwenda: ndizi zimeshachemshwa na kuachwa siku kadhaa zichachuke, uji wa kimea cha ulezi umepoa, na mgeni anashikishwa chujio. Akimwaga anakemewa kwa Kichaga, na kwa namna fulani wote huwa wanaelewa. Asipokuwa na kazi, hatuendi, kwa sababu akituona anaacha mambo yake na kuanza kuigiza. Kuigiza kunachosha kuliko kupika.

Wachonga vinyago hawakubadilika, wale ni mafundi hata wa maneno. Mzee anampa mgeni kipande cha mpingo na beseni la maji, mpingo unazama kama jiwe. Kisha anatia kinyago kingine, cheusi vile vile, kinaelea. Anakitoa, anakisugua kwa kitambaa chenye mafuta ya taa, rangi ya viatu inabaki kitambaani. Haongezi neno. Mauzo yake yanatoka hapo hapo.

Swali linalonisumbua ni lile lile la enzi zako: "Hiki ni kijiji cha kabila gani?" Nilikuwa nataja moja moja mpaka nakwama. Sasa nawapeleka kwenye mfereji nawaambia watazame maji. Haya yanatoka nyanda za juu za Ngorongoro, yanapenya kwenye miamba na kuibukia hapa chini ya ukuta wa Bonde la Ufa. Mifereji ilipochimbwa miaka ya 1950 ndipo watu walipoanza kumiminika: Mchaga na migomba yake, Mmakonde na patasi, Mwiraqw, Mrangi, Mmbugwe, na Mmasai aliyekuwepo tangu mwanzo na ng'ombe wake. Wako wageni wanaosikitika. Walikuja kutafuta kijiji cha kale, nami nawaonyesha mahali ambapo wazee wengi walihamia wakiwa na miguu yao wenyewe. Bibi mmoja wa Kifaransa alisema bodaboda zinamharibia picha. Nikamwambia anayempakia mgonjwa kwenda zahanati ni bodaboda. Sijui kama nilifanya vizuri, mgeni ni mgeni, lakini ulimi ulishatoka.

Haya, Jambiani. Usiniombe ramani, nitakudanganya. Ila nakujua, utataka wageni waone akina mama wa mwani, na kila mtalii wa pwani hiyo anataka hivyo. Kilimo hicho kilianza huko mwaka 1989, wameshawaona wenye kamera wa kila aina. Ratiba yako isiandikwe "saa tatu asubuhi, mwani." Mwani unafuata maji. Bamvua likitoka, wao wako mbali kule kwenye vigingi, na wanafanya kazi mbio kabla maji hayajajaa. Usiwape wageni wa kuwasimamisha wakati huo. Subiri wanapoanika. Hapo mikono inafanya kazi na mdomo una nafasi, na mgeni anaweza kugeuza mwani juani akiulizwa na yeye ana watoto wangapi. Waulize kwanza wao wenyewe, si mwenyekiti peke yake. Mimi nilidanganyika miaka sita kwa kuwa mwenyekiti alikubali.

Mabega na magoti yafunikwe kabla ya kuingia vichochoroni, na useme hilo siku ya kulipa, usisubiri mtu ameshapanda baiskeli na kaptula yake fupi. Ramadhani chupa za maji zinywewe nje ya kijiji.

Kuhusu baiskeli zenyewe sitakufundisha, ila moja limenigharimu. Wageni wa Uingereza breki ya mbele wameizoea mkono wa kulia, Wamarekani wa kushoto. Mwaka huu mmoja ameibana ya mbele kwa nguvu kwenye tuta la jaruba akidhani ni ya nyuma, akaruka juu ya usukani akatua kwenye tope, mpunga wa mwenye shamba ukalala mita mbili. Yeye alicheka, mwenye shamba hakucheka, nami nililipa. Sasa kabla ya kuondoka kila mtu anazunguka uwanja mara tatu akibana mkono mmoja mmoja. Na kijana wako mmoja awe mkia kila siku, hata wageni wakiwa wawili. Anayeongoza haoni anachokiacha nyuma, nadhani barua nzima hii imekuwa juu ya hilo, samahani.

Jua limeshajificha nyuma ya ukuta, unajua huku kunavyotiwa giza mapema, na kesho nina wageni wanne wa saa kumi na mbili. Kabla hujapaka rangi hata kibao kimoja, ziache baiskeli zote nane ndani, vaa ndala, tembea, bisha hodi. Kisha niandikie umehesabu milango mingapi, na mingapi imesema hapana.

Wasalimie wa hapo wote.

Nduguyo wa mnyororo

Tanbihi: Fundi anasema ulimwachia deni la spoku nne. Ameniuliza uko wapi. Nimemwambia Bara.