Barua ya wazi kwa prodyuza aliyeshika maiki

Ndugu yangu,

Hongera. Naanza na hilo usije ukasema nilikunyima. Wimbo wako unapigwa kwenye matatu za Kaptembwa, hapa Nakuru, toka asubuhi, na kila unapoanza, mimi ndiye ninayesikika kwanza, maana ile sauti inayotaja jina lako kabla biti haijaingia ni yangu. Tuliirekodi usiku, blanketi la mama yako kichwani, baada ya yule jamaa wa kusaga unga kufunga mashine yake.

Siku hizo ulikuwa na hadithi moja tu, ya Kanye West, prodyuza wa Marekani. Kwamba kampuni ya rekodi ilizipenda biti zake, zikaingia hadi kwenye albamu ya rapa Jay-Z ya mwaka 2001, lakini akisema naye anarapu hakuna anayemtilia maanani. Oktoba 2002 akapata ajali ya gari, taya likafungwa waya, akaingia studio hivyo hivyo. Februari 2004 albamu yake ya kwanza ikatoka, na waliomdharau wakawa wanamsifu. Ulinisimulia haya huku ukiipandisha kasi rekodi ya benga ya marehemu baba yako mpaka mwimbaji akalia kama kitoto, ukisema ndiyo siri yenyewe ya biti za Kanye. Nikakuamini. Nani alikwambia una sauti, wakati mtaa mzima wa Rhonda ulikujua kama kijana wa kompyuta?

Lakini kuna ajali nyingine hukuwahi kuitaja. Novemba 1989, yule rapa aitwaye The D.O.C. aliumia koo kwenye gari, sauti ikaharibika. Akabaki na kalamu. Alimwandikia Dr. Dre, prodyuza kama wewe, na albamu ya Dre ya mwaka 1992 ina mistari yake ndani. Huyo aliandika kwa sababu koo lilikufa. Langu ni zima.

Unajua ninakoelekea. Siku ya promota. Umemkalisha kwenye kile kiti kizuri, mimi niko juu ya ndoo ya rangi, ukabonyeza. Sauti yangu ikataja jina lako, biti ikaingia, halafu ukaja wewe na ubeti wangu. Neno kwa neno. Hata pale baada ya “mama” ninapovuta pumzi, nawe ulivuta. Nikatazama skrini: mstari wa sauti yangu ulikuwa bado upo, jina langu limeandikwa, taa yake ndogo ya kijani imezimwa. Promota akauliza nani ameandika. Ukasema, “Tuliandika hapa hapa tu,” bila kugeuka. Sikusema neno kwa sababu kulikuwa na mgeni, na wewe ulijua sitasema mbele ya mgeni.

Ungeniomba ningekupa. Wallahi ningekupa, na kiitikio juu.

Haya, nikushauri, kwa kuwa walio karibu nawe wanalipwa kukusifu. Punguza kurundika sauti. Ukizipanga nne juu ya nyingine herufi zinamezana, mtu wa nyuma kwenye matatu hasikii ubeti. Usiimbe juu ya sauti iliyorekodiwa mbele ya watu wa uwanja wa Afraha, wanakujua. Na tafuta prodyuza mwingine, hata mdogo kwako. Anayejirekodi mwenyewe hana wa kumwambia “rudia”. Zamani nilikuwa nakwambia mimi. Ulikuwa unanuna, unazima taa, halafu unarudia, na ile ya pili ndiyo tuliyokuwa tunaiweka. Kwa hiyo wanaosema nimekuwa mchungu kwa kuwa sikutoka kimuziki, waulize nani alikuwa anakurudisha kwenye maiki saa nane za usiku, na tokeni za stima zilinunuliwa na nani.

Mama yako alinipigia Krismasi. Aliuliza mbona sipiti tena kunywa chai. Nikamwambia kazi ya spea imenibana. Umwambie mwenyewe ukweli, mimi siwezi, yule mama amenilisha. Halafu ile dawa yake ya presha aliacha kumeza, sijui kama unajua, huwa anasema inampa kizunguzungu. Mpeleke.

Kuhusu wimbo: Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inaitambua kazi ya muziki kando na rekodi yake. Rekodi ni yako, sina ugomvi, kompyuta ni yako. Utunzi tugawane, wewe biti, mimi maneno. Fomu nimejaza kwa kalamu ya buluu, pako pa sahihi ni pale chini. Usimtume yule kijana wako na bahasha, sitaipokea. Duka linafungwa saa kumi na mbili na nusu, Jumapili sifungui.