Max Schreck hakuwa mwigizaji wa filamu moja

Mhariri,

Kwa miaka nimesoma ukurasa wenu wa sinema bila kuandika neno, lakini makala ya Jumapili kuhusu Nosferatu, filamu bubu ya Kijerumani ambamo Max Schreck aliigiza mnyonya damu, siwezi kuinyamazia. Mmeandika kwamba Max Schreck "hakujulikana", kwamba jina lake lilikuwa la bandia, na kwamba baada ya filamu hiyo ya 1922 alitoweka. Yote matatu si kweli.

Jina ni lake tangu azaliwe Berlin mwaka 1879. Alikuwa mtu wa jukwaa: kwanza katika kundi la mwongozaji wa tamthilia Max Reinhardt, Berlin, kisha ukumbi wa Kammerspiele, Munich. Septemba 1922, mwaka uleule mnaodai aliibuka kama mzuka, watazamaji wa Munich walimwona akicheza Glubb, mwenye kilabu cha pombe, katika Trommeln in der Nacht, tamthilia ya kwanza ya mwandishi Bertolt Brecht kupandishwa jukwaani. Mwaka 1924 aliigiza tena chini ya Murnau, mwongozaji wa Nosferatu. Mwaka 1932 yumo katika filamu Die verkaufte Braut ya Max Ophüls. Tarehe 19 Februari 1936 alishika nafasi ya mwenzake katika tamthilia Don Carlos ya Schiller, akicheza mkuu wa mahakama ya dini, na kesho yake akafariki. Huyo ndiye aliyetoweka?

Wanaoonyesha Nosferatu nao wanamharibia. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, kiasi cha fremu 18, yaani picha moja moja za mkanda, kwa sekunde. Ukumbi mmoja hapa mjini umeionyesha kwa fremu 24, na tukio la dakika nne likaisha kwa tatu. Ule mwendo wake mkavu, mabega yamepanda, mikono imebana mbavuni, ukawa mchakamchaka na watu wakacheka. Tena nakala ilikuwa nyeusi na nyeupe tupu! Matukio ya usiku yalipigwa mchana, kisha mkanda ukatiwa rangi ya buluu kuashiria usiku. Bila rangi hiyo, mnyonya damu anayeuawa na mwanga wa jua anaonekana akitembea na jeneza lake mchana kweupe. Hadithi nzima inavunjika, na lawama anabebeshwa mwigizaji.

Chapisheni masahihisho ukurasa uleule, kwa herufi za ukubwa uleule, na chini ya picha yake muandike kumbi alizofanyia kazi na tarehe ya onyesho lake la mwisho. Na mwandishi wenu asisifu onyesho lolote la filamu bubu kabla hajamuuliza mwendesha projekta: fremu ngapi kwa sekunde, na nakala ina rangi?

Mwalimu wa sanaa za maonyesho,
Dar es Salaam