Barua ya wazi kwa Waziri wa Utamaduni, Kaunti ya Mombasa

MINTARAFU: CHUMBA CHA KUHIFADHIA MIKANDA YA FILAMU

Mheshimiwa Waziri,

Kazi yangu ni kuwatafutia watengenezaji wa filamu picha za zamani za mji huu: majahazi yakiwa Bandari ya Kale, abiria wakishuka kwenye feri ya Likoni, au lile daraja la Nyali lililokuwa likielea majini tangu 1931 hadi lilipojengwa la sasa mwaka 1980.

Mwaka jana mama mmoja wa Kibokoni aliniita nitazame kasha la marehemu mumewe. Nilipofunua mkebe wa kwanza nilipokewa na harufu kali ya siki, na moyo ukaniingia baridi, kwa sababu hiyo ni harufu ya mkanda unaooza. Filamu ya asetati, yaani ya aina moja ya plastiki, ikikaa kwenye joto na unyevu hutoa asidi, nayo asidi huongeza kasi ya uozo na kuifikia mikebe jirani. Mkanda husinyaa, matundu ya pembeni yakawa hayaoani tena na meno ya mashine, na hapo hata fundi hodari hukunja mikono. Hauponi. Huweza kucheleweshwa tu, kwa baridi na ukavu, na Mombasa haina hata kimoja.

Matokeo yake ni kwamba kijana wa hapa anayetaka kuonyesha mji aliozaliwa huandikia hazina za filamu za Ulaya na kulipia leseni kwa kila sekunde ya picha. Siwalaumu, maana wao walitunza. Lakini niliwahi kuletewa picha iliyoandikwa “Zanzibar” ilhali Ngome ya Yesu imesimama wima nyuma ya mabaharia.

Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezikabidhi kaunti shughuli za utamaduni, zikiwemo maktaba, makumbusho na sinema. Siombi jumba jipya. Naomba chumba kimoja chenye kiyoyozi, mashine ya kukausha hewa na umeme wa akiba, pamoja na karani wa kuandika daftari: nani alipiga picha, wapi, lini, na haki ni ya nani. Hilo la mwisho ndilo linalotukwamisha zaidi, kwani picha isiyojulikana mwenyewe, hata ikipendeza vipi, hakuna mtengenezaji makini atakayethubutu kuitumia. Karani huyo aanze na wazee wa Mji wa Kale, ambao wangali wanazitambua sura na vyombo kwa majina. Na picha zikishahamishiwa kwenye kompyuta, mkanda asili usitupwe, kwa kuwa diski nazo hufa, tena bila kutoa harufu.

Mikanda ya yule mama nimeihifadhi kwenye friji yangu, imefungwa vizuri, kando ya samaki. Ofisi yako ikinipangia siku, nitaileta.

Wako mwaminifu,
Mtafuta picha, Mji wa Kale, Mombasa