Mwanangu, kaa hadi siku ya hukumu

Dar es Salaam

Mwanangu mpendwa,

Marahaba. Juzi uliponipigia nilikuwa kituoni nasubiri daladala, makelele yamenizidi, ndiyo maana nilikujibu kwa mkato. Leo nimekaa nikuandikie kwa nafasi. Umesema mhariri amekupangia kuandika habari za mahakamani huko Mwanza na wenzako ofisini wakakupa pole, eti ni kazi ya kushinda kwenye benchi ukisikiliza kesi zikiahirishwa. Mimi nakupa hongera, tena kwa moyo wote. Nimeifanya kazi hiyo miaka mingi hapa mahakama ya Kisutu na Mahakama Kuu, imekusomesha wewe na mdogo wako, na sijaona dawati jingine linalomfundisha mwandishi kuheshimu kila neno lililotamkwa kama hilo.

Nianze na hati ya mashtaka, maana ndiyo mlango. Pale Chuo Kikuu cha Mtakatifu Augustino (SAUT) mlisoma maadili na sheria za habari, lakini sidhani kama kuna mwalimu aliyewawekea hati ya mashtaka mezani mkaisoma mstari kwa mstari. Ukiipata, usikimbilie maelezo ya kosa kwa sababu ndiko kwenye utamu. Soma kwanza kosa lenyewe na kifungu chake. Wizi si sawa na wizi wa mtumishi, yaani mwajiriwa kumwibia mwajiri wake. Unyang'anyi si sawa na unyang'anyi wa kutumia silaha, ambao adhabu yake ni kuanzia miaka 30 jela. Kuua bila kukusudia si mauaji. Ukikosea hapo, umempa mtu kosa ambalo hata Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, haikumpa. Kisha nakili majina yote matatu ya mshtakiwa, umri, kazi na makazi yake, kwa sababu Juma Hamisi wa Mkolani na Juma Hamisi wa Igoma ni watu wawili, na mmoja wao atakuwa anakunywa chai na familia yake asubuhi gazeti linapotoka. Andika namba ya shauri, jina la hakimu na jina la wakili wa Serikali aliyesoma mashtaka. Vyote hivyo visipokuwa kwenye daftari, siku ya kesi kurudi utaanza kuulizaulizia watu kama mgeni.

Masjala ujenge heshima. Karani wa mahakama ana kazi nyingi na hakuna aliyemwagiza akuhudumie, kwa hiyo nenda na salamu, nenda na namba ya shauri mkononi, na usiende saa anayofungua mahakama. Orodha ya mashauri ya siku isome mapema, kabla mahabusu hawajashushwa kwenye karandinga kutoka gereza la Butimba. Mwandishi anayeingia saa nne akiuliza "leo kuna nini?" ataandika kile alichosimuliwa na mwenzake.

Kuna mambo yanayowachanganya wageni wote, nami nataka uyajue kabla hujaingia. Mtu akishtakiwa kwa mauaji, ataanza kufikishwa mbele ya hakimu mkazi, atasomewa, halafu ataambiwa asijibu chochote. Hajakana, hajakiri, wala hajakaa kimya kwa jeuri. Mahakama hiyo haina mamlaka ya kusikiliza kesi ya mauaji. Ni ya Mahakama Kuu. Andika hivyohivyo na ueleze sababu kwa sentensi moja, kwa sababu msomaji wa Magu au Sengerema hana wa kumuuliza. Vilevile ukisikia kesi imepangwa kutajwa tarehe fulani, ujue siku hiyo hakuna shahidi. Ni kuangalia kama upelelezi umekamilika na kupanga tarehe nyingine. Usimwahidi mhariri habari kubwa siku ya kutajwa. Lakini uwepo. Siku moja kati ya hizo wakili wa utetezi atasimama alalamike kwamba mteja wake yuko rumande mwaka wa pili na upelelezi haujaisha, na ukiwa haupo, hakuna atakayejua kama alisema.

Na hili la "ana kesi ya kujibu" linaumiza watu sana. Upande wa mashtaka ukimaliza mashahidi wake, mahakama inaamua kama kuna jambo la mshtakiwa kujitetea. Ikisema lipo, maana yake ni kwamba sasa ni zamu yake kusema, basi. Nimeona vichwa vya habari vinavyoliandika kama vile mtu ametiwa hatiani. Kumbuka kesi ya mwanasiasa wa upinzani Freeman Mbowe na wenzake watatu. Februari 18, 2022 Mahakama Kuu ilisema wana kesi ya kujibu. Machi 4, wiki mbili tu baadaye, Mkurugenzi wa Mashtaka akaiambia mahakama hana nia ya kuendelea, wakatoka. Aliyeandika Februari kana kwamba hatia imethibitishwa alibaki na maandishi hayo. Na hapo napo kuna la kujifunza: mtu aliyeachiwa kwa sababu Mkurugenzi wa Mashtaka ameondoa shauri hajapimwa na mahakama, na sheria inaruhusu kumshtaki tena. Nimeshuhudia watu wakikamatwa upya hatua chache tu kutoka mlango wa mahakama, ndugu zao bado wanapiga vigelegele. Kwa hiyo usiandike kwamba mahakama imemsafisha. Eleza kilichotokea na kifungu kilichotumika.

Kwa kuandika, daftari lisikutoke. Simu na kinasa sauti huenda ukazuiwa navyo, na kupiga picha ndani ya ukumbi ni mpaka upewe ruhusa. Tangu zamani shahidi wetu amekuwa akisema kidogo, anaambiwa asubiri mheshimiwa aandike, anaendelea. Wengine kusubiri huko kunawachosha. Mimi ndiko kuliponifundisha kazi, kwa sababu wakati hakimu anaandika nami nilikuwa naandika, na nilipokosa neno nililisikia likirudiwa. Sasa teknolojia inaingia, mahakama zinaanza kutumia mifumo inayonasa sauti na kuigeuza maandishi, na mwendo utakuwa wa kasi. Fanya mazoezi ya kuandika kwa ufupisho wako mwenyewe, lakini maneno ya shahidi yale yatakayowekwa kwenye alama za kunukuu yaandike yote. Shahidi akisema "nilimuona kwa mbali kidogo", hilo "kidogo" ndilo wakili atakaloling'ang'ania kwenye maswali ya dodoso kwa nusu saa.

Una bahati moja ambayo sisi hatukuwa nayo. Zamani shahidi alisema Kiswahili, kumbukumbu zikaandikwa Kiingereza, hukumu ikasomwa Kiingereza, na mshtakiwa akatoka kizimbani anatuuliza sisi waandishi amefungwa au ameachiwa. Tulikuwa tunatafsiri kwa magoti, daftari juu ya mapaja, na muda hautoshi. Mwaka 2021 sheria ilibadilishwa, Kiswahili kikawa lugha ya mahakama. Utakumbuka Jaji Zephrine Galeba alivyosifiwa hadharani na Rais Magufuli Februari ya mwaka huo kwa kuandika uamuzi kwa Kiswahili, akapandishwa kuwa Jaji wa Rufani. Bado utakutana na hukumu nyingi za Kiingereza, hasa huko juu, na sheria inaruhusu pale haki inapohitaji. Ingia TanzLII, tovuti ya hukumu na sheria za Tanzania, ukazisome. Zimewekwa wazi kwa kila mtu, bila malipo. Kila Jumapili soma hukumu moja ya Mahakama ya Rufani iliyotoka Mwanza, uone jinsi majaji wanavyochambua ushahidi, na utaanza kujua ni swali gani la wakili lilikuwa la maana na lipi lilikuwa la kupoteza muda.

Sasa sikiliza kwa makini, hapa nazungumza kama mama. Kesi za ubakaji na makosa mengine ya kujamiiana, ushahidi wake unasikilizwa faragha, na sheria inakataza kuuchapisha pamoja na mashahidi wake. Utaona waandishi wanazunguka kwa kutaja mtaa, shule, na jina la baba mzazi, halafu wanajivunia kwamba hawakumtaja mtoto. Wamemtaja. Kwenye kijiji chenye shule moja, hilo linatosha. Ukiwa na shaka, ondoa. Mhariri akikulazimisha, mwambie umekataa kwa sababu ya sheria na kwa sababu ya mtoto, na ikibidi nipigie nizungumze naye mimi. Kesi zilizoko Mahakama ya Watoto ni hivyohivyo.

Bahasha utaletewa. Huwa haiji na mtu mwenye sura mbaya; inaletwa na shemeji wa mshtakiwa, mtu mpole, anakuita "dada yangu" au "mwandishi wetu", anakuambia mzee ana presha akisoma gazeti atakufa. Mara nyingine ni kweli. Msikilize, mpe pole, kisha mwambie kilichosemwa mahakama ya wazi ni cha watu wote. Najua wewe ni korespondenti unalipwa kwa habari iliyotoka, na najua kiasi chenyewe kinauma. Ukipungukiwa kodi ya chumba niambie mimi. Baba yako nami tumekwisha kulizungumza hilo, wala usione aibu.

Kinga yako ni moja. Taarifa sahihi na ya haki ya yale yaliyosemwa mbele ya mahakama inalindwa na sheria, hata kama imemchafua mtu mkubwa. Ukitoka nje ya ukumbi ukachanganya na uliyoyasikia kwa polisi, kwa ndugu wa marehemu au mitandaoni, ulinzi huo umebaki ndani na wewe uko nje. Na ukiandika mambo ya kuipotosha kesi inayoendelea au kumhukumu mtu kabla ya hakimu, Kanuni ya Adhabu inalitambua hilo kuwa ni kuidharau mahakama.

Lakini yote hayo utajifunza, kwa kuwa wewe ni msikivu. Ninalotaka ulishike mapema ni kumalizia kesi. Magazeti yetu yanapenda siku ya kwanza: mtu kafungwa pingu, kajifunika shati usoni, kichwa cha habari ukurasa wa mbele. Halafu miaka inapita. Basil Mramba na Daniel Yona walifikishwa Kisutu Novemba 2008, na hukumu ikasomwa Julai 2015, miaka 3 jela kila mmoja, huku mwenzao Gray Mgonja akiachiwa huru. Haikuishia hapo. Mahakama Kuu ikapunguza kifungo hadi miaka 2, na Februari 2016 wakaanza kutumikia kifungo cha nje kwa kufanya usafi hospitali ya Sinza. Hao walikuwa mawaziri, kila hatua yao iliandikwa. Mwenye jina dogo hana bahati hiyo.

Namkumbuka mtunza stoo mmoja aliyeshtakiwa kwa wizi wa mtumishi. Gazeti moja lilimweka ukurasa wa mbele siku alipopandishwa kizimbani, na picha yake. Kesi ilichukua miaka. Kazi ilikwisha, mchumba aliyekuwa amemtolea posa binti yake akarudisha maneno. Siku ya hukumu ukumbini tulikuwa waandishi wachache mno. Hakimu alisoma kwa zaidi ya saa moja, taratibu, akieleza kwa nini vitabu vya stoo vilivyoletwa kama kielelezo havikuonyesha nani alitoa mzigo siku ile, na akasema upande wa mashtaka haukuthibitisha kesi bila kuacha shaka. Yule baba aliendelea kusimama hata baada ya kuambiwa yuko huru. Alipotoka nje alikuja kwetu akafungua mfuko wa rambo, akatoa kile kipande cha gazeti cha siku ya kwanza, kimekunjwa mpaka mikunjo imetoboka, akauliza, "Na hili la leo mtaandika?" Niliporudi ofisini mhariri wa zamu akasema hiyo si habari, ni mtu ameachiwa tu. Nilibishana naye mpaka msanifu kurasa akatusogelea. Ilitoka ukurasa wa ndani, na jina lake kamili, na sababu za hakimu.

Kwa hiyo weka daftari la pili, la kesi zako tu. Kila kesi uliyoandika siku ya kwanza iwe na ukurasa wake: namba, tarehe iliyofuata, iliyofuata tena, mpaka hukumu, mpaka rufaa kama ipo. Mtu akihamishwa mahakama, hamia naye. Ukiugua au ukiwa safarini, mwombe mwenzako mmoja unayemwamini akushikie tarehe, nawe umshikie zake. Pale Mwanza Mahakama Kuu na Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki, jengo lenye mahakama za ngazi mbalimbali, vinakupa mashauri ya kila aina, ya ardhi, mirathi, ndoa, uvuvi haramu, na hutaweza kuyafuata yote. Chagua machache uyafuate mpaka mwisho kuliko mengi uyaache njiani.

Kuna siku utatoka kwenye kesi ya mauaji chakula hakishuki, hasa shahidi akiwa mtoto wa marehemu. Usijilazimishe kuwa jiwe. Andika habari yako, itume, kisha tembea hadi ziwani ukae. Unipigie hata usiku, simu yangu siizimi.

Ile kesi ya wavuvi uliyonitajia, ulisema imepangwa kusikilizwa wiki ijayo na shahidi wa kwanza ni ofisa wa uvuvi. Kabla ya siku hiyo soma Sheria ya Uvuvi ya mwaka 2003 na kanuni zake za matundu ya nyavu, ili akitaja kipimo ujue anazungumzia nini. Angalia kama nyavu zenyewe zitaletwa kuwa kielelezo, na kama utetezi utapinga zisipokewe. Wakipinga, andika sababu zao zote na uamuzi wa hakimu. Ikitoka gazetini nipigie picha ukurasa unitumie. Nimemwambia na baba yako, naye anaisubiri.

Wako,
Mama