Fito za tunduni zinaumiza nyayo za ndege

Ndugu Mhariri,

Nimesoma kwa makini makala yenu ya karibuni kuhusu ufugaji wa ndege wa nyumbani, na nashukuru kwamba gazeti limewapa viumbe hawa nafasi wasiyoipata mara nyingi. Mwandishi alieleza vizuri habari za chakula, maji na ukubwa wa tundu, lakini alipofika kwenye fito ambazo ndege hutua na kulala juu yake, aliandika sentensi moja tu: ziwe mbili, na ziwe laini. Naomba nafasi ya kuipinga sentensi hiyo, kwa sababu neno "laini", ambalo masikioni mwa mfugaji mgeni ni ushauri wa huruma, ndilo lililokaribia kumlemaza kasuku wangu.

Sisi binadamu tukichoka huketi, na usiku hulala chali au kwa ubavu. Ndege wa tunduni hana raha hiyo. Hula akiwa amesimama, hujisafisha manyoya akiwa amesimama, na usiku ukiingia hulala juu ya ufito uleule alioshinda nao mchana kutwa. Mwenzake wa porini naye husimama, ila kila anaporuka hutua kwenye tawi jingine, lenye unene wake, mwinamo wake na magome yake, hata uzito wa mwili ukawa unahamahama kutoka sehemu moja ya unyayo hadi nyingine bila yeye kujua. Ukimpa kijiti laini kilichochongwa kwa mashine, chenye unene uleule kutoka ncha hii hadi ile, uzito wote huangukia mahali palepale kila siku. Unyayo wenyewe hauna nyama ya kuupokea uzito huo, kwa kuwa misuli inayokunja vidole imekaa juu mguuni, na kinachoshuka hadi chini ni kano, mifupa na ngozi. Mahali panapokandamizwa mfululizo damu hupita kwa shida, ngozi hudhoofika, na hatimaye hupasuka.

Kasuku wangu ni wa kijivu. Tundu lake lilikuja na vijiti viwili vya mviringo, nami kwa bidii ya mtu asiyejua nilikivika kimoja ala (kifuniko) ya karatasi ya msasa, kwa kuwa maelezo ya pakiti yaliahidi kwamba ingempunguza kucha. Baada ya muda nikamwona anainua mguu mmoja, anaushusha, anainua wa pili, hata wakati wa kula. (Ndege mwenye afya pia hupumzisha mguu mmoja anaposinzia, kwa hiyo nilijiliwaza kwa hoja hiyo kwa wiki kadhaa, jambo ninalolijutia.) Daktari wa mifugo alipomgeuza akanionyesha nyayo ambazo sikuwahi kuzitazama hata siku moja. Vile vipele vidogo vinavyoufanya unyayo wa ndege uwe na mkwaruzo vilikuwa vimefutika, ngozi iking'aa kwa wekundu, na katikati ya unyayo wa kushoto palikuwa na kigaga cheusi.

Nilielezwa kwamba huo ni mwanzo wa ugonjwa wa jipu la unyayo, unaowapata kuku na tai wa kufugwa vilevile unavyowapata kasuku na chiriku. Bakteria, hasa wale wa jamii ya stafilokoki, hupenya palipochubuka. Uvimbe hujengeka polepole, na ukiachwa huweza kufika kwenye kano, viungo na mifupa. Hapo matibabu huwa ni bandeji za muda mrefu, dawa za kuua bakteria, na pengine upasuaji. Daktari hakuulaumu ufito peke yake. Aliniuliza kasuku anakula nini, na nilipojibu kwamba anakula mbegu tu, alitikisa kichwa: mbegu zina upungufu mkubwa wa vitamini A, ambayo ngozi huihitaji ili ibaki imara, na mafuta yake humnenepesha ndege asiyeruka, hivyo unyayo uliodhoofika ukapewa mzigo mkubwa zaidi.

Kuhusu msasa, nawasihi wasomaji wautoe leo. Ndege anaposhika ufito, kinachogusa ni ngozi ya vidole na unyayo, ilhali ncha za kucha huning'inia pembeni bila kugusa kitu, kwa hiyo msasa husugua ngozi usiku kucha na kuziacha kucha kama zilivyo. Vipo vijiti vya saruji vyenye mkwaruzo, ambavyo navikubali kwa sharti: kiwe kimoja, kiwe kinene kiasi cha kucha kukigusa, na kifungwe mahali ndege anapopita kwa muda mfupi, kisiwe pale anapolala.

Unene ndio swali ambalo kila mfugaji huuliza kwanza. Kanuni niliyofundishwa ni kutazama vidole na kuacha kushughulika na rula: vikiuzunguka ufito kwa kiasi cha theluthi mbili hadi robo tatu, unene unafaa. Kucha za mbele zikikutana na za nyuma, ufito ni mwembamba mno; vidole vikitandazwa juu yake kana kwamba ndege amesimama sakafuni, ni mnene kwa kulalia, ingawa hauna ubaya akiutembelea. Kwa kukadiria, chiriku huridhika na sentimita 1 hadi 1.5, cherero na kasuku wadogo wa asili ya Australia sentimita 1 hadi 2, na kasuku wa kijivu kuanzia 2.5 hadi 4 hivi. Lakini namba hizi zisimfunge mtu. Mfugaji akinunua fito tatu zenye kipimo sahihi kilekile, atakuwa amerudia kosa la kiwanda kwa gharama yake mwenyewe, maana kinachouponya unyayo ni kubadilika kwa unene, na mguu uliotanuka kidogo asubuhi ukikunjwa zaidi jioni, kano nazo hupata mazoezi.

Ndiyo maana tawi la mti linashinda karibu kila kitu kinachouzwa. Tawi moja lililopinda lina unene wa namna tatu au nne ndani yake, lina vifundo, na lina magome ambayo ndege huyabandua kwa mdomo akafurahi. Matawi ya mpera, mtufaa na mkaratusi hutumiwa sana na wafugaji. Yaepukwe ya mparachichi na ya oleanda, ambayo ni miti yenye sumu kwa ndege, na mti wowote usioujua usiuingize tunduni hadi umpate mtu anayeujua. Hata mti mwema huwa mbaya ukipigwa dawa ya wadudu au ukiota kando ya barabara yenye moshi mwingi. Tawi likishakatwa lisuguliwe kwa brashi na maji ya moto, lisuuzwe, kisha lianikwe juani hadi likauke kabisa, kwa kuwa mti mbichi uliofungiwa ndani huota ukungu. Lisipakwe rangi wala vanishi. Litatafunwa na litakwisha. Hilo lisimkere mtu, akate jingine.

Kamba nene za pamba zina faida yake, hasa kwa ndege mzee au aliyekwisha kuumia, kwa sababu zinabonyea chini ya unyayo. Hata hivyo zinataka jicho la kila siku. Zikianza kuchakaa, nyuzi hujifunga kwenye kidole na kukata damu, na zikimezwa huziba tumbo. Plastiki ngumu inateleza, na sioni sababu ya kuitumia. Ndege asiyeweza tena kushika vizuri awekewe kibao bapa, pana kuliko miguu yake, karibu na sakafu ya tundu, apumzike bila kukaza vidole.

Mahali pa kufunga fito pana uzito kuliko wengi wanavyodhani. Ndege hupenda kulala juu, kwa hiyo ufito wa juu kabisa ndio atakaoukalia saa nyingi kuliko mingine, na huo ndio unaostahili kuchaguliwa kwa uangalifu zaidi. Ufito usipite juu ya chombo cha chakula wala cha maji, la sivyo kinyesi kitadondoka humo. Mkia usiguse nyavu za tundu ndege anapogeuka, na fito zisijazane hadi akakosa pa kutandaza mabawa. Ziparuzwe na kuoshwa kila zinapochafuka, kwani kinyesi kilichogandia ndicho shamba la wale bakteria niliowataja. Mwenye kasuku mwoga asibadilishe vyote kwa siku moja. Alifunge tawi jipya karibu na ufito wa zamani, amwache alizoee, kisha aondoe ule wa zamani.

Na nyayo zitazamwe. Haihitaji kumkamata ndege kwa nguvu: anapopanda ukuta wa tundu, unyayo wake hukuelekea, nawe ukiwa na tochi utaona rangi na vipele vyake ndani ya nusu dakika. Ngozi inayong'aa, wekundu wa mahali pamoja, kigaga, uvimbe, au mguu mmoja unaoepukwa, vyote ni sababu ya kumwona daktari wiki hiyohiyo bila kusubiri kidonda kionekane.

Kasuku wangu alipona baada ya miezi kadhaa, ingawa kidole kimoja kimebaki kigumu na hakikunjiki hadi mwisho. Ninachokuomba, Mhariri, ni kidogo. Picha iliyopamba makala yenu ilionyesha ndege mzuri juu ya kijiti chembamba kilichonyooka, kucha zake za mbele zikiwa zimepishana na za nyuma. Mtakaporudia mada hii, tafadhali mumpige picha akiwa juu ya tawi.

Wenu,
Msomaji na mfugaji wa ndege