Glasi za kaunta yako

Dunda, Bagamoyo
Jumapili jioni

Swahiba, Baba Zuhura,

Salamu nyingi. Habari za Chumbageni? Sisi hatujambo, ila kusi imetuvuruga, samaki hakuna.

Barua yako nimeipata. Kumbe umecheka sana kuona mtu asiyeonja kileo ndiye unayemwuliza habari za glasi za wiski. Cheka tu. Mwaka wa nane huu niko nyuma ya kaunta, na anayeosha ndiye anayezijua.

Achana kwanza na zile ndefu na zenye mguu. Nunua bilauri fupi, pana, nene kitako. Unene ule si urembo. Wageni wakirudi kwenye magofu ya Kaole na jasho lao huagiza kitu kinaitwa Old Fashioned: unaweka sukari, unaidondoshea bitazi, ile dawa chungu ya mizizi na maganda, unaponda mle mle kwa mchi mdogo, ndipo unatia wiski, barafu na ganda la chungwa. Mambo ya kale hayo. Gazeti moja la jimbo la New York mwaka 1806 lilieleza kwamba kokteli, yaani kinywaji cha kuchanganya kama hiki, ni pombe kali, sukari, maji na bitazi, basi. Sasa ponda hivyo kwenye glasi ya kitako chembamba uone utakavyookota vigae.

Ujazo, mililita 300 zinatosha. Ukimimina 50 za wiski zitaonekana kama umempunja mtu, na atasema. Usimwongezee! Nafasi ile ni ya barafu. Bonge moja kubwa linayeyuka polepole kuliko vipande vidogo vingi, na kwa joto letu hili vipande vidogo ni maji kabla mtu hajamaliza hadithi yake. Mimi nagandishia kwenye vikopo vya plastiki. Ukienda kununua glasi beba kikopo chako, ukijaribishe mdomoni mwa glasi hapo hapo dukani.

Za kristali, zile zinazolia kama kengele, mwachie anayezitaka. Kristali ya asili ina madini ya risasi, na kileo kikilala humo siku nyingi huinyonya. Halafu ivunjike moja, utakufa kwa presha.

Mwezi wangu wa kwanza kazini nilitoa glasi sita kwenye maji ya moto, nikazijaza barafu papo hapo. Tatu zikapasuka, moja mkononi mwa mgeni. Zikakatwa kwenye mshahara. Unene ule ule unaokusaidia kuponda ndio unaokuponza: ndani kumeshapoa na kusinyaa, nje bado kuna moto. Ziache zipoe zenyewe. Wala usizipachike moja ndani ya nyingine. Zikinasa, tia maji baridi kwenye ya ndani, ya nje ichovye kwenye vuguvugu, zitaachana bila ugomvi.

Idi nikijaliwa nitakuja Tanga. Mimi utaniwekea maji ya dafu, lakini kwenye hizo hizo za wiski, nikague kitako.

Msalimie Mama Zuhura.

Wako,
Baba Mwanaidi