Barua kwa mwanangu: usikubali gari ivuliwe waya zote kisa indiketa

Mwanangu,

Marahaba baba. Huku Tanga wazima wote, mvua tu ndo imetushika na baba yako mgongo wake kama kawaida. Ile video ya indiketa za gari yako nimeiangalia nikairudia rudia, na voisi yako nayo nimeisikiliza, sasa hiyo habari ya fundi kusema gari ivuliwe waya zote ipigwe mpya alafu na flasha, kile kidude kinachofanya indiketa zipepese, ibadilishwe mi sijaielewa kabisa. Usimpe hela kwanza. Miaka yote nimekaa na baba yako dukani kwenye spea nimeona watu wananunua flasha leo, baada ya siku mbili tatu wamerudi kuchukua swichi, baadae wanarudi tena wamenuna, kumbe ugonjwa ni skrubu moja ya ethi, pale waya wa kurudisha moto unapofungwa kwenye bodi, imeota kutu. Umeme wa gari hununui kitu mpaka ujue moto unaishia wapi, basi.

Twende na ulichonionyesha mwenyewe. Ukipiga indiketa ya kulia inaenda vizuri, tiki, tiki, taratibu. Ukipiga ya kushoto inakimbia kama imefukuzwa. Hapo tu fundi alitakiwa anyamaze afikirie, maana hiyo Toyota Corolla 100 yako ina flasha moja tu, ndo hiyo inapigisha kulia, ndo hiyo inapigisha kushoto, na ukibonyeza hazadi, zile taa za dharura zinazopepesa pande zote, ni yeye tena. Kama flasha imekufa mbona kulia hailalamiki? Kwaiyo flasha nzima, fyuzi nzima, moto unafika mpaka kwenye kijiti cha indiketa. Shida iko kushoto, baada ya kijiti. Ushapunguza gari nusu nzima na hujashika hata bisibisi.

Sasa kwanini inakimbia. Upande mmoja una balbu ya wati 21 mbele, nyingine ya wati 21 nyuma, na ile ndogo ya kwenye fenda wati 5. Jumla 47, gawa kwa volti 12 unapata karibu ampea 4. Flasha imetengenezwa iujue huo mzigo, balbu moja kubwa ikitoka mzigo unashuka hadi ampea 2 na kidogo, na flasha za aina hiyo hapo zinaongeza kasi makusudi kabisa ili dereva ajue kuna taa haifanyi kazi. Yani kule kukimbia sio ubovu, ni taarifa. Mpigo wa kawaida ni kati ya 60 na 120 kwa dakika, unaweza kuhesabu na saa ya simu. Ila hii usiichukue kwa kila gari, zile flasha za kizamani zaidi za kikopo cha bati ndani zina kipande cha chuma kinachopata joto kinapinda kinakata moto, kikipoa kinarudi, sasa zile balbu moja ikikata mzigo unakuwa mdogo joto halitoshi, mara nyingi taa inaganda tu inawaka bila kupepesa. Mwenye Volkswagen Beetle ya zamani na mwenye Corolla wanaweza kuwa na ugonjwa mmoja na dalili mbili tofauti kabisa.

Haya, wewe ulivyosikia hivyo ungesema basi balbu imeungua, ninunue balbu. Subiri. Kwenye video ile dakika ya mwisho rafiki yako yuko nyuma anashika simu, wewe unakanyaga breki, anasema "mbona hii ya indiketa nayo inawaka kidogo". Na wewe ukasema kile kimshale cha kijani kwenye dashibodi nacho kinawaka kwa mbali ukikanyaga breki. Hapo ndo nilipoweka chai chini. Balbu iliyoungua haiwezi kuwaka hata kidogo. Hiyo ni ethi ya taa ya nyuma kushoto imekatika au imechoka.

Ngoja nikueleze unavyopita huo moto, ukiuelewa huu hakuna fundi atakudanganya tena kwenye taa. Ile taa ya nyuma ni nyumba moja lakini ndani kuna indiketa, breki, taa ndogo na rivasi, kila moja ina waya wake wa kuleta moto, ila wa kurudisha ni mmoja wanashea wote, kwenye Toyota ni ule mweupe wenye mstari mweusi. Huo mmoja ukikatika moto unaenda kutafuta njia nyingine ya kurudi, na njia inayopatikana ni kupitia balbu za jirani. Unakanyaga breki, moto unaingia kwenye balbu ya breki, ukifika chini hamna ethi, unapanda kwenye balbu ya indiketa kinyumenyume, unafuata waya wa indiketa mpaka mbele kwenye balbu ya mbele kushoto, pale ethi ipo, unashuka. Sasa umepita balbu tatu zimefuatana, kila moja imegawiwa kipande cha volti, ndo maana zote zinawaka kivivu. Na kile kimshale cha dashibodi kiko kwenye waya huohuo kwaiyo nacho kinapata chake. Ukipiga indiketa vilevile, balbu ya nyuma inanyimwa moto wa kutosha, flasha inaona mzigo mdogo, inakimbia. Dalili zote mbili zimekaa kwenye skrubu moja. Jaribu usiku uwashe taa ndogo alafu upige kushoto, kama taa nyekundu za nyuma zinapepesa kidogo pamoja na indiketa basi hata usibishane.

Hiyo gari imekaa huku kwetu karibu na bahari miaka mingi kabla hujaipeleka Morogoro, hewa ya chumvi inakula kila kitu cha shaba na bati. Mi nisingeshangaa.

Cha kufanya. Usianze kufungua taa. Chukua kipande cha waya kirefu, umenye ncha zote mbili, fungua mfuniko wa ndani ya buti upande wa kushoto ufike nyuma ya taa, utaona pale soketi kuu inapoingia. Tafuta ule mweupe wenye mstari mweusi, chomeka ncha moja ya waya wako pembeni yake kwa nyuma ya soketi iguse chuma, ncha ya pili ishikize kwenye bolti safi ya bodi, safi nimesema, sio yenye rangi. Mwambie mtu apige indiketa kushoto. Ikirudi taratibu kama ya kulia, umemaliza kazi ya upelelezi. Isiporudi ndo uitoe balbu uikague.

Ikirudi, sasa fuata huo waya mpaka unapofungwa kwenye bodi. Utakuta kijiduara cha chuma kimebanwa na skrubu, nje kinaonekana kizima tu, ukikifungua chini yake unakuta unga wa kijani au kutu ya kahawia na rangi ya gari imechubuka. Zima gari, chukua msasa, sugua kijiduara pande zote mbili mpaka king'ae, sugua na bodi pale pale kinapokaa mpaka uone chuma cheupe, funga ukaze, alafu paka grisi kidogo JUU baada ya kukaza ili maji yasiingie. Wengine wanapaka kwanza ndo wanafunga, mi sipendi. Na soketi ya balbu nayo iangalie, toa balbu angalia kile kitako cha risasi chini, kama kimechimbika shimo kwa kusukumwa na springi miaka yote basi hakigusi vizuri, weka balbu mpya. Ukiishika kioo kikaonekana cheusi ndani ndo imeungua. Ukinunua angalia vile vijino vya pembeni, balbu za rangi ya chungwa vijino vyake mara nyingi havikai mkabala sawasawa, zile nyeupe viko mkabala, usije ukalazimisha ukavunja holda.

Alafu kuhusu ile multimita uliyonunua, nzuri, ila kwa hii kazi nunua na testa ya balbu, ile kama bisibisi yenye waya na kibanio. Mita inakudanganya kwa namna moja, waya unaweza kuwa umebaki nyuzi mbili tu ndani zinashikiliana, ukipima bila mzigo mita inasema volti 12 zipo, safi kabisa, ukiweka balbu zinapotea. Testa ina balbu yake ndani inavuta moto kidogo kwaiyo inasema kweli zaidi. Na kwenye indiketa mita ya kidijitali namba zinaruka ruka na mpigo mpaka unachanganyikiwa. Mita itumie hivi, taa ikiwa inawaka (washa taa ndogo), waya mweusi kwenye hasi ya betri, mwekundu kwenye ethi ya taa ya nyuma, isome karibu na sifuri, ikisoma zaidi ya nusu volti ethi yako mbovu. Na usitoboe toboe waya kwa testa, kila tundu ni mlango wa maji.

Hayo ndo ya leo. Ila gari ni ya zamani, kesho itakuja na lingine, kwaiyo nakuandikia na haya ukae nayo kwenye simu.

Siku indiketa zote zikikataa pande zote mbili, kitu cha kwanza bonyeza hazadi. Hazadi zikiwaka, flasha nzima na balbu nzima, usiziguse. Angalia fyuzi ya indiketa, maana hazadi wana yao. Kwenye Toyota nyingi hazadi na honi zinashea fyuzi moja, kwaiyo hazadi zikifa piga honi usikilize, vyote viwili vimekufa basi fyuzi. Soma kifuniko cha boksi kimeandikwa, na ukikuta fyuzi imekata weka ya ampea ileile, sio kubwa zaidi, na SIO karatasi ya sigara tafadhali.

Fyuzi ikiwa nzima na hazadi zinawaka lakini indiketa hamna, hapa watu wengi wanapotea. Magari mengi ya zamani moto wa indiketa unapita ndani ya swichi ya hazadi yenyewe kwanza, kabla haujafika kwenye flasha. Swichi hiyo mtu anaweza kukaa mwaka hajaibonyeza, midomo yake ndani, vile vyuma vinavyogusana, inaota uchafu. Ibonyeze ndani nje, ndani nje, haraka haraka kama mara ishirini, kisha jaribu indiketa. Nimeona wateja wanatoka pale dukani bila kununua kitu kwa hiyo tu, baba yako alikuwa ananinunia. Ikirudi alafu ikapotea tena baada ya wiki fungua swichi upulizie dawa ya kusafishia umeme.

Na ukitaka kuihukumu flasha, ivute pale chini ya dashibodi ilipochomekwa, usikilize mlio utaipata. Ina pini tatu zimeandikwa B, L na E. B ni moto unaoingia, L ndo unaoenda kwenye taa, E ni ethi. Washa swichi ya gari, unganisha tundu la B na la L kwa kipande cha waya, piga kijiti kulia. Taa zikiwaka moja kwa moja bila kupepesa, shida ni flasha au ethi yake ya E, ukiona ethi iko sawa nenda kanunue kwa amani. E usiiguse na B, utalipua fyuzi.

Kijiti kisiporudi chenyewe baada ya kukata kona, hiyo sio umeme, ni kijiplastiki ndani kimevunjika, utaendesha nayo tu ukirudisha kwa mkono mpaka upate ya mtumba.

Eti unataka kuweka LED. Ukiweka, indiketa zitakimbia tena pande zote kwa sababu LED inavuta moto kidogo sana, flasha itadhani balbu hamna. Wanauza vizuizi vya kuongeza mzigo, vinachemka hatari, mtu akivifunga kwenye plastiki vinayeyusha. Kama ni lazima nunua flasha ya LED. Ila mi sioni lazima iko wapi, lenzi zako zimefifia, zisugue kwanza.

Na hii naisema kwa sababu najua utakuja Idd usiku usiku kama ulivyozoea, Chalinze kwenda Segera ile. Kule dereva wa lori ndo anakwambia kwa indiketa usipite au pita, na unayekutana naye anawasha ya kulia ujue ubavu wake unaishia wapi. Ya kwako ikidanganya unaua mtu. Zile hela za faini ya trafiki ni kitu kidogo hapo.

Fundi akikataa kuangalia ethi kwanza muage kwa heshima, mwambie mama amekataza. Ukipata muda Jumamosi fanya mwenyewe asubuhi kabla ya jua, nitumie picha ya hiyo skrubu kabla hujaisugua na baada. Vile vibanio vya plastiki vya mfuniko wa buti vitoe polepole uviweke kwenye kikopo, vikivunjika ni shida kuvipata.

Mama yako